Vitabu vya Maafa ya Reli na Watu Wasioulizwa

Mhadhara kwa wasomaji wa Kiswahili wa Madisi, Dzaleka na Lilongwe

Usiku wa tarehe 10 Machi 2022, treni ya mizigo ya SNCC, shirika la reli la Kongo, iliacha njia karibu na kijiji cha Buyofwe, mkoa wa Lualaba. Ilikuwa ikitoka Luena kwenda Tenke. Kati ya mabehewa yake 15, saba yalitumbukia bondeni. Haikuwa treni ya abiria, lakini mabehewa yalikuwa yamejaa mamia ya watu waliodandia. Tangazo la kwanza lilisema wamekufa 60. Baadaye hesabu ikapanda hadi 75, na majeruhi wakapita 100. Baada ya hapo magazeti yakaenda kwenye habari nyingine.

Mtu aliyekulia Kamina, Kabalo, Kalemie au Luena haulizi kwa nini watu wale walipanda treni ya mizigo. Barabara za huko huharibiwa na mvua, treni ya abiria husubiriwa mpaka mtu anakata tamaa, na mama mwenye magunia yake ya mahindi hana njia nyingine ya kuyafikisha sokoni. Wakongo wengi wanaoijua hali hiyo wako leo Malawi, katika kambi ya Dzaleka iliyofunguliwa mwaka 1994 mahali palipokuwa gereza, wilaya ya Dowa, ambayo ndiyo wilaya ya Madisi pia. Kambi iliyokusudiwa watu elfu kumi na kidogo sasa ina zaidi ya 50,000. Ndani ya umati huo zimo safari za treni ambazo hazijaandikwa popote.

Mhadhara huu unauliza ni nani huingia kitabuni baada ya maafa ya reli, na huingia kwa njia gani. Vitabu vya aina hiyo viko vingi duniani na vingine ni vizuri sana. Anayevisoma kimoja baada ya kingine huona jambo moja likijirudia: kinachotofautisha kitabu kinachomwonyesha marehemu akiwa mtu mwenye kazi, jina na sababu ya safari, na kile kinachomwacha akiwa tarakimu, ni kwa kiasi kidogo tu kipaji cha mwandishi. Kwa kiasi kikubwa ni kama kulikuwa na mtu aliyewauliza mashahidi mapema na kuyaandika majibu yao.

Kitabu mashuhuri kuliko vyote kuhusu balaa la reli Afrika Mashariki ni kile cha simba wa Tsavo. Mwandishi wake, J. H. Patterson, alifika Tsavo Machi 1898 kusimamia ujenzi wa daraja la reli iliyokuwa ikitoka Mombasa kuelekea Ziwa Viktoria. Simba wawili wasio na manyoya shingoni wakawa wanaingia kambini usiku, wanapasua mahema na kuondoka na watu. Patterson alimuua wa kwanza tarehe 9 Desemba na wa pili tarehe 29 Desemba mwaka huohuo. Kitabu chake, The Man-Eaters of Tsavo, kilitoka mwaka 1907 na hakijaacha kuchapishwa hadi leo. Ngozi na mafuvu ya simba hao viliuzwa kwa makumbusho ya Field Museum, Chicago, miaka ya 1920, na mwaka 1996 hadithi ikawa filamu.

Ni kitabu kinachosomeka kwa hamu. Patterson anajua kumkalisha msomaji juu ya jukwaa la miti, gizani, asikie mnyama akizunguka chini. Lakini akifika kwenye hesabu ya waliouawa, anasema Wahindi ni 28, na kuongeza kwamba kulikuwa na Waafrika wengi ambao hakuna aliyeweka kumbukumbu yao rasmi. Sentensi inapita, simulizi inaendelea. Wahindi walikuwa wamekuja kwa mkataba. Mwenye mkataba ana karatasi, na karatasi ikifungwa kwa kifo lazima mtu aandike. Mwafrika aliyeajiriwa kwa siku, au aliyekuwa akipita na mzigo wake, hakuwa na karatasi ya kufungwa.

Baadaye Patterson alitaja idadi kubwa zaidi, watu 135, na idadi hiyo ikaenea. Mwaka 2009 wanasayansi walipima nywele na mifupa ya simba hao huko Chicago, wakakadiria kwamba mmoja alikula kama watu 24 na mwingine kama 11, jumla 35. Uchunguzi huo unastahili kusifiwa. Lakini ni vigumu kuusoma bila kusikitika kwamba hesabu ya watu imetafutwa ndani ya mwili wa mnyama, kwa sababu ofisi iliyowaajiri haikuiweka daftarini.

Kuna sehemu mbili za kitabu hicho ambazo wasomaji wengi huzipita haraka, nazo ndizo zenye thamani kuliko risasi zote. Ya kwanza ni siku ya Desemba 1898 wafanyakazi walipoamua kuondoka. Walimwendea Patterson wakamweleza kwamba walitoka India kwa mapatano ya kuifanyia kazi serikali, na kulisha simba hakumo katika mapatano hayo. Kisha wakaenda relini, wakalala juu ya reli mbele ya treni iliyokuwa inakuja, ikalazimika kusimama, wakatupa mizigo yao ndani na kupanda. Kazi ya daraja ikasimama kwa majuma matatu hivi. Patterson analieleza tukio hilo kwa uchungu wa mkuu wa kazi aliyekimbiwa. Msomaji wa leo anaweza kulisoma kwa namna nyingine: hapo watu wasio na sauti kitabuni wanafanya jambo la busara kuliko yote, kwa pamoja, na kwa ujasiri wa kulala mbele ya garimoshi.

Sehemu ya pili ni shairi. Baada ya simba kufa, wafanyakazi walimpa Patterson bakuli la fedha, na mmoja wao, aliyejiita Roshan, akamtungia shairi refu kwa Kihindustani. Patterson aliweka tafsiri yake kitabuni. Hapo, kwa mara moja, mfanyakazi anaeleza mwenyewe hofu ya usiku ule, anataja kwao na jina lake. Sauti hiyo imetufikia kwa sababu ilikuwa ya kumsifu mwenye kitabu. Hao waliosimamisha treni hawakutunga sifa, na majina yao hayamo.

Reli hiyohiyo ilileta Wahindi karibu 32,000 kati ya 1896 na 1901, ilipofika Kisumu. Karibu 2,500 walikufa, wengi kwa maradhi. Charles Miller aliisimulia yote upya katika The Lunatic Express ya mwaka 1971, kitabu kinene chenye wakubwa wengi ndani yake. Ilibidi waje watunzi wa riwaya, M. G. Vassanji mwaka 2003 katika The In-Between World of Vikram Lall na Peter Kimani mwaka 2017 katika Dance of the Jakaranda, ili familia za watu wa kawaida waliofuatana na reli zipewe nafasi ya mbele. Riwaya ni msaada mkubwa pale kumbukumbu zilipokosekana. Hata hivyo mtunzi hubuni mtu kwa sababu yule wa kweli hakuandikwa.

Upande wa Kongo mambo yalikuwa mabaya zaidi. Reli kutoka Matadi hadi mahali palipo Kinshasa leo ilianza kujengwa 1890 na kukamilika 1898, zaidi ya kilomita 360 za milima, mito na joto. Hesabu rasmi ya waliokufa ilikuwa Wazungu 132 na watu weusi na Waasia 1,800. Mwaka 1892 waliletwa Wachina 540. Inasemekana 300 kati yao walikufa au walitorokea porini. Idadi ya Wazungu ina tarakimu ya mwisho inayoonyesha kwamba kila mmoja alihesabiwa. Idadi ya wengine imeishia kwenye sufuri mbili. Msomaji makini aizoee tabia hiyo ya kutazama tarakimu za mwisho.

Joseph Conrad alipita Matadi Juni 1890, kazi ikiwa ndiyo kwanza inaanza, na miaka tisa baadaye akachapisha Heart of Darkness. Mwanzoni mwa hadithi hiyo kuna kituo cha reli chenye baruti zinazolipuliwa bila maana na kichaka ambako wafanyakazi wamejilaza kungoja kufa. Mmoja ni kijana mwenye kipande cha uzi mweupe shingoni. Msimulizi anauliza uzi ule ni wa nini, hirizi au pambo, wala hapati jibu, kwa sababu hamuulizi kijana mwenyewe. Watu wamegombana kuhusu kitabu hicho kwa miaka mingi, na ugomvi huo una haki yake. Kwa mjadala huu linatosha jambo moja: shahidi mwenye macho makali kuliko wote waliopita Matadi alimwona yule kijana, akaukumbuka uzi wake, na jina hakulileta.

Ng'ambo ya mto Kongo, Wafaransa walijenga reli yao, ya Brazzaville hadi Pointe-Noire, kuanzia 1921 hadi 1934. Kilomita 510, na katikati yake msitu wa Mayombe. Wanaume walikusanywa hadi kutoka Chad, wakashushwa kwa mashua katika nchi yenye unyevu na vyakula wasivyovijua. Mwandishi wa habari Albert Londres alikwenda kuona kwa macho yake mwaka 1928. Katika Terre d'ébène, kitabu cha 1929, alieleza kwamba reli ilikuwa imefika kilomita 140 tu na watu 17,000 walikuwa wamekwisha kufa. Aliwaona wakipasua mwamba kwa nyundo na wakisukuma mizigo kwa mikono pale ambapo mashine zilihitajika. Wakubwa wa koloni walikasirika sana. Hapa heshima ya Londres inabidi itajwe waziwazi: alikwenda, akatazama, akaandika wakati watu bado wanakufa, na baada ya hapo hakuna aliyeweza kusema hakujua. Mwaka 2021 mwanahistoria J. P. Daughton alirudi kwenye nyaraka na kuandika In the Forest of No Joy, na kazi yake isingewezekana kama barua, malalamiko na ripoti za wakati ule zisingekuwa zimehifadhiwa.

Sasa tazama kazi ya kuwauliza mashahidi na kuandika majibu yao ikifanywa sawasawa.

Jioni ya Jumapili, tarehe 28 Desemba 1879, dhoruba ilipiga mlango wa mto Tay huko Uskoti. Daraja la reli la zaidi ya kilomita tatu, lililofunguliwa mwaka uliotangulia, lilivunjika sehemu zake za juu wakati treni ikipita, na treni ikaanguka mtoni. Hakuna aliyepona. Waliokufa walidhaniwa kuwa 75. Utafiti wa baadaye umethibitisha majina 59, nayo yalichongwa kwenye mawe ya ukumbusho yaliyosimamishwa pande zote mbili za mto mwaka 2013.

Kwa maafa ya Afrika, 59 ni idadi ndogo. Lakini vitabu vyake ni vingi. John Prebble aliandika The High Girders mwaka 1956, kinachosomeka kama riwaya. Peter Lewis, mhandisi, aliandika chake mwaka 2004 na kuchunguza upya picha za vyuma vilivyovunjika. Vyote vinachota kisima kimoja: tume ya uchunguzi. Siku chache tu baada ya ajali, watu watatu, Rothery, Yolland na Barlow, walikaa na kuita mashahidi. Waliwasikiliza watu 120. Kila neno likaandikwa na kuchapishwa.

Na kati ya hao 120, wakubwa walikuwa wachache. Waliitwa mafundi wa kiwanda cha kusubu chuma kilichokuwa Wormit, kando ya mto. Waliulizwa kuhusu nguzo za chuma zilizotoka na matundu ndani. Wakaeleza kwamba matundu yalizibwa kwa mchanganyiko wa nta, ulimbo, vumbi la chuma na masizi, ukisuguliwa na jiwe mpaka ukang'aa kama chuma chenyewe. Waliitwa wapaka rangi waliokuwa wakining'inia darajani, wakaeleza lilivyotikisika treni ikipita. Aliitwa meya wa zamani wa mji wa Dundee, aliyekuwa akiipima kasi ya treni kwa saa yake, akaona inazidi iliyoruhusiwa, akamlalamikia mkuu wa stesheni.

Aliitwa pia Henry Noble, msimamizi wa matunzo ya daraja. Noble alikuwa mtu wa ujenzi wa mawe na matofali. Chuma hakikuwa fani yake. Alisimulia kwamba siku moja alisikia vyuma vya kukaza nguzo vikigongana treni inapopita. Akaenda akakuta vimelegea. Alichofanya ni kutafuta vipande vya chuma na kuvipachika kama kabari, zaidi ya 100, kimoja baada ya kingine, na kelele ikakoma. Hakumwarifu mbunifu wa daraja, Thomas Bouch. Kwa kuvipachika kabari vikiwa vimeshalegea, alivifungia palepale vilipokuwa. Alifanya kazi kwa bidii na kwa nia njema, peke yake, bila mtu wa kumfundisha. Hakuna mwandishi angeweza kumbuni Noble. Yumo kitabuni kwa sababu mtu alimketisha kitini, akamuuliza ulisikia nini, ukafanya nini, ukamwambia nani, na karani akaandika.

Tume ilihitimisha kwamba daraja lilibuniwa vibaya, likajengwa vibaya, likatunzwa vibaya. Bouch alifariki kabla mwaka 1880 haujaisha. Kichwa cha treni kiliopolewa mtoni, kikatengenezwa, kikaendelea kufanya kazi kwa miaka mingi. Na daraja jipya lililojengwa pembeni linatumika mpaka leo.

Kwa hiyo anayesema Waskoti wana vitabu kwa sababu wanapenda kusoma, hajagusa sababu yenyewe. Wana vitabu kwa sababu fundi wa kiwanda aliulizwa akiwa bado anakumbuka.

Mwaka 2002 kusini na mashariki mwa Afrika yalitokea maafa mawili katika muda wa siku 30. Tarehe 25 Mei, huko Tenga, Msumbiji, treni yenye hitilafu ilikatwa vipande viwili, mabehewa ya abiria mbali na ya mizigo. Mabehewa yaliserereka mteremkoni, sehemu hizo mbili zikagongana, na karibu watu 200 wakafa. Tarehe 24 Juni, nchini Tanzania, treni ya abiria ya Reli ya Kati yenye zaidi ya watu 1,200 ilishindwa kupanda mlima baada ya stesheni ya Igandu, mkoa wa Dodoma. Ikaanza kurudi nyuma. Breki hazikuishika. Ilirudi kinyumenyume, mwendo ukiongezeka kila dakika, mpaka ikaigonga treni ya mizigo iliyokuwa ikija nyuma. Walikufa watu 281. Waliokosa kutambuliwa walizikwa pamoja Maili Mbili, Dodoma.

Ajali ya Igandu inawagusa wasomaji wa Dzaleka kuliko wanavyodhani. Reli ile ndiyo ya Kigoma. Wakongo na Warundi wengi waliovuka Ziwa Tanganyika waliifahamu Tanzania kwanza kupitia madirisha ya mabehewa yake, kabla ya kuteremka kusini kwa basi au lori hadi Mbeya, Songwe na Karonga. Na bado ukitaka kujua watu wale 1,200 waliambiana nini treni ilipoanza kurudi nyuma, nani alimshika mtoto wa nani, nani aliruka, unategemea habari fupi za magazeti ya wiki ile na kumbukumbu za watu ambao sasa wana umri wa miaka 24 zaidi au wameshafariki. Ajali ya daraja huko Ngai Ndethya, Kenya, Januari 1993, mafuriko yalipolidhoofisha daraja na treni ya usiku ya Mombasa ikatumbukia na kuua zaidi ya watu 100, imekaa katika hali hiyohiyo. Hata Kakenge, Kasai, nchini Kongo, Agosti 2007, walipokufa karibu 100 na wengi wao walikuwa juu ya paa. Hata Katongola, nchini humo, Aprili 2014. Hata Mayibaridi, mkoa wa Tanganyika, Septemba 2019, ambako waziri alitangaza vifo 50.

Malawi yenyewe ina kitabu chake cha balaa la reli, ingawa balaa hilo halikuwa la kugongana. Landeg White, aliyewahi kufundisha Chuo Kikuu cha Malawi, aliandika Bridging the Zambesi mwaka 1993 kuhusu daraja la mto Zambezi lililofunguliwa 1935, na Leroy Vail alikwisha kuonyesha mwaka 1975 jinsi Nyasaland, yaani Malawi ya kikoloni, ilivyobebeshwa deni la reli iliyopita nchi ya wengine, mpaka fedha za shule na barabara zikaliwa na riba. Reli ilifika Lilongwe kutoka Salima mwaka 1979 tu. Anayesubiri basi Lilongwe huku akiuliza kwa nini treni ni chache aanzie na maandiko hayo mawili.

Turudi Dzaleka. Kuna mtu atakayesema: sisi hatuna tume, hatuna karani, na Kiswahili chetu cha Lubumbashi au cha Uvira si kile cha vitabuni. Hoja ya mwisho ina jibu, na jibu limetoka Katanga. Mwaka 1965, katika mji uitwao leo Lubumbashi, mtu aitwaye André Yav aliandika historia ya mji huo kwa niaba ya chama cha watumishi wa nyumbani, wale waliopika na kufua kwa Wazungu. Aliiandika kwa Kiswahili cha mjini kwao, kama kilivyosemwa, bila kuhangaika na nukta wala mkato. Maneno yameungana na kukatika mahali pasipotarajiwa. Mtaalamu Johannes Fabian alipotaka kuichapisha, ilibidi mwenyeji wa lugha hiyo aisome kwa sauti ndipo ieleweke vizuri. Ilichapishwa 1990 na leo ni miongoni mwa maandiko yanayothaminiwa sana kuhusu Kongo ya kikoloni, kwa sababu inaeleza mambo hayo kama yalivyoonekana kutoka jikoni. Yav hakungoja ruhusa ya mtu wala sarufi ya mtu.

Kikwazo kigumu zaidi ni kingine. Mkimbizi ni mtu ambaye ameulizwa sana. Ameulizwa mpakani, ameulizwa wakati wa kuandikishwa, ameulizwa tena kwenye usaili wa hifadhi, na kila mara swali ni lilelile: kwa nini ulikimbia? Amejifunza kuifupisha hadithi yake ili ibaki na kile ofisi inachokitaka: tarehe, tishio, mpaka. Safari ya treni ya mwaka fulani, aliyopoteza ndani yake kaka yake na magunia manne ya mihogo, haihusiani na ombi lake, kwa hiyo haiulizwi na yeye haitaji. Kwa jinsi hiyo mtu aliyesailiwa mara nyingi kuliko wengi wetu anaweza kuzeeka bila kuulizwa jambo kubwa alilolishuhudia.

Wa kumuuliza ni aliye karibu naye: mjukuu, mwanafunzi, jirani wa Madisi anayekuja sokoni kambini siku ya soko. Simu inarekodi. Daftari la shule linatosha. Maswali yawe madogo, kama yale ya tume ya Tay: Mama, ulipandia stesheni gani? Behewa lilikuwa la aina gani, lenye paa au wazi? Ulikaa karibu na nani? Ulibeba nini? Ulisikia nini kwanza? Nani alikuja kusaidia, wanakijiji au shirika? Mliwazika wapi, na nani aliyaandika majina? Swali kubwa la ulijisikiaje liachwe. Mzee atalijibu mwenyewe akiwa anaeleza rangi ya kitambaa. Akitaka jina lake lisitajwe, lisitajwe. Akitaka kunyamaza, aheshimiwe na chai imiminwe.

Maneno yaandikwe kama yalivyosemwa. Anayesema "treni ilirudiaka nyuma" asisahihishwe kuwa "ilirudi". Nakala moja ikae kwa familia, ya pili iombewe nafasi kwenye Hifadhi ya Nyaraka ya Taifa iliyoko Zomba. Redio Yetu ya kambini inaweza kuzisoma zile ambazo wenyewe wameziridhia, na tamasha la Tumaini, linalofanyika Dzaleka tangu 2014, linaweza kuzipa jukwaa pembeni ya ngoma na muziki.

Waliokuwa vijana wa miaka 20 treni ilipoanguka Kakenge mwaka 2007 sasa wanakaribia miaka 40, na bado wanakumbuka. Waliokuwa na miaka 50 wanakaribia 70. Msomaji ambaye nyumbani kwake kuna mtu wa namna hiyo aanze naye wiki hii, kwa swali la stesheni aliyopandia.